Kabla ya Pingu

Loishiye Mepukori amekuja karakanani, Mbauda,
saa moja kasorobo, ukungu bado umeukalia Mlima Meru,
na wakili wake nyuma, mtu wa Machame mwenye viatu safi,
akikanyaga vyuma chakavu kama anayevuka mto.
Sikuzima grenda.
Niliacha cheche zimsalimie.

Alipokohoa mara ya tatu, nikazima.
"Nanyokie," akasema, "nasikia mmefungua RB."
Tumefungua. Namba ninayo, nyuma ya risiti ya nondo.
PF3 ipo. Na mkono wa Lekishon upo,
umefungwa plasta toka kiwiko mpaka kidole gumba,
mkono wa kulia, wa kushikia koleo.
Polisi wamesema watakwenda kumchukua
gari likipata mafuta.

Basi siku tisa halali kwake.
Leo kwa shangazi Ngaramtoni, kesho kwa rafiki Kisongo,
mbwa akibweka anatoka na viatu mkononi.
Anataka dhamana.
Anaitaka sasa, kabla ya kukamatwa,
kama mtu anayefungua mwavuli sebuleni
kwa sababu redio imetaja mvua.

Wakili akatazama chini:
"Nimemweleza. Sheria yetu haina mlango huo.
Mtu hukamatwa kwanza, ndipo akadhaminiwa.
Ila mlalamikaji akiandika kwamba amesamehe..."
Akaiacha sentensi ining'inie, niimalizie mimi.
Kalamu alikuwa amekuja nayo.

Nikamuuliza Loishiye alisema nini siku ile.
Kikao cha harusi, soda zimeshafunguliwa,
mzee wao ameshapokea blanketi na asali:
ulisema nini, kabla ya rungu?
Kimya. Nikamsaidia.
Ulisema, Binti yetu hatazaa misumari.
Ulisema, Olkunoni aoge mara saba, bado atanuka moshi.
Watu wakacheka, nao wameketi
kwenye viti alivyochomelea baba yangu.

"Hasira tu," akasema. "Maneno ya zamani.
Hata sijui yalikotoka."

Mimi najua.
Babu alifua mkuki; mwenye mkuki alipokuja kuuchukua
alipaka kwanza mafuta ya kondoo viganjani,
chuma kisimwambukize sisi.
Simba hakuuliza ukoo wa aliyeufua.
Ila damu ikimwagika bomani,
lawama ilijua njia ya kwetu hata usiku.

Ndipo nikamgeukia wakili, maana yeye ndiye msomi:
Andika hili. Mteja wako anataka kuachiwa kabla ya kukamatwa.
Sisi tulikamatwa kabla ya kosa.
Lekishon ana siku moja duniani, macho hayajafunguka vizuri,
jirani akaja kumwona, akaikataa chai
kwa sababu ya kikombe.
Mdhamini wake alikuwa nani siku hiyo?
Barua ya mtendaji ilikuwa wapi?

Wakili hakuandika. Ni mtu mwema, nadhani.
Alipenga kamasi, akatazama lango jekundu
lililoegemea ukuta,
akauliza bei.

Hapo Loishiye akaninyooshea mkono.
Bila neno. Sikuwa nimeutegemea.
Mkono wa mtu asiyelala, kucha zimetafunwa,
nao uling'aa.

Ni Julai. Arusha nzima inapaka mafuta Julai,
watoto wa shule magoti yanameta kama chupa,
mimi mwenyewe nina kopo langu kwenye rafu,
kando ya fimbo za kuchomelea.
Nikautazama mkono ule
nisiweze kujua mafuta yale ni ya baridi
au ni yangu.

Nikaanza kuvua glavu, kidole kimoja kimoja.
Barabarani gari likapunguza mwendo.
Yeye aligeuka kulitazama.
Mimi nilikuwa bado naangalia mkono.