Mstari wa Saa Nane Usiku

Radi ya Kakamega haina adabu.
Ilipiga transfoma ya Lurambi saa moja jioni
na mimi nikabaki na mashine,
jenereta ikikohoa nyuma ya chumba cha kufulia,
nikiiamsha hospitali upya, faili kwa faili.

Kwanza kiini. Kidogo, kama cha yai,
kwa sababu (alisema Mwalimu Mudanya, vumbi la chaki kwenye nyusi)
unachokiamini kiwe kidogo kiasi cha kuweza kukisoma chote
kabla mvua haijanyesha.
Kisha ganda, na ganda juu ya ganda:
duka la dawa lisiione benki ya damu,
malipo yasisikie kilio cha leba,
kila programu chumbani mwake, na kidirisha cha kuombea.
Ikitaka kitu, ibishe hodi.

Alitusimulia ya kale, enzi za mashine moja kubwa kuliko darasa letu,
watu wakigawana dakika zake kama maji ya ndoo.
Siku moja salamu ya asubuhi haikuchapwa.
Ikachapwa orodha ya nywila za watu wote,
kila mtu akamsoma jirani yake kabla ya chai.
Hakukuwa na mwizi. Faili mbili zilibadilishana nafasi, basi.
Tulicheka. Yeye hakucheka. Akaandika ubaoni:

*Ufunguo wa ghalani, si wa kila mwenye njaa,*
*mpishi ni wa jikoni, mchunga, wa zizi twaa,*
*hata mwenye nyumba ndani, zote hawezi kuvaa,*
*zikijaa kiunoni, mwizi ndiye atang'aa.*

Yule mwenye funguo zote, mashine humwita mzizi.
Daktari Lubanga alizitaka. Alikuja mwezi wa tatu,
koti jeupe, kalamu tatu mfukoni:
"Mimi ndiye mkubwa hapa. Nifungulie kila kitu."
Nikamwambia ukubwa si ufunguo, daktari.
Kwamba mimi mwenyewe hutembea humu kama mgeni,
huuvaa mzizi dakika chache, kama glavu, kisha huuvua.
Kwamba kila unapovaliwa, daftari huandika
nani, saa ngapi, amegusa nini,
na daftari lenyewe liko Kisumu, kwenye mashine nyingine;
mstari ukishafika haurudi,
hata mimi niliyelifunga siwezi kuufuta.
Aliondoka bila kuaga.

Sasa ni saa nane. Benki ya damu imeamka. Leba imeamka.
Glavu ingali mkononi.
Kumbukumbu za wadi ya tatu zinapita mbele yangu zikijipanga,
jina baada ya jina,
hadi Khasandi, Trufena. Miaka hamsini na minane.
Mama.

Walituambia moyo. Moyo ulichoka, walisema, tukazika Shinyalu,
shangazi akisusa chakula siku mbili,
akisema moyo wa Trufena haujawahi kuchoka.
Hakuna aliyenituma nifungue. Mfumo haukuuliza.
Mzizi haubishi hodi.

Nilisoma. Sitasema nilichosoma.
Muuguzi aliitwa saa ngapi, alifika saa ngapi,
hayo ni ya faili, na faili si yangu.

Halafu nikauona, mmoja tu, ukienda Kisumu
kwa herufi ndogo za kijani:
jina langu, saa nane na dakika kumi na moja, Khasandi T.
Nikautazama kama mtu atazamavyo mdomo wa sanduku la posta
barua ikishadondoka ndani.

Mwalimu alitufundisha kujikinga na mwizi wa nje,
na ajali, na hata mtengenezaji wa mashine.
Somo lililobaki hakulifundisha,
au siku hiyo sikwenda darasani.

Umeme ulirudi alfajiri, taa zote kwa mpigo,
barabarani lori la miwa likihangaika kwenye matope.
Nikavua mzizi. Nikanawa uso kwa maji ya chumba cha kufulia.
Nikapanda ngazi kwenda kwa Daktari Lubanga
kabla watu wa Kisumu hawajapiga simu,
nikabisha hodi.