Vipimo vya Kereng'ende

Hamsini na tisa, sentimita, kuzunguka paji;
ishirini na nne, toka utosi hadi kidevu.
Miaka kumi na tisa nilimshonea Kereng'ende Mweusi
barakoa za satini, kamba kisogoni,
na sura yake sikuwahi kuiona.

Alifika dukani kwangu Gómez Palacio tayari amejifunika,
ananuka dawa ya kuchua na basi la usiku.
"Doña Eduviges, sikio la kushoto limevimba tena. Niongezee."
Nikaongeza.
Wanaosema mieleka ni maigizo
hawajawahi kufumua mshono kupisha nundu.

Kinyago ukikichonga mwenyewe hakikutishi, wanasema.
Uongo. Ijumaa, aliporuka kutoka kamba ya juu,
watoto walipiga mayowe,
nami mwenye sindano nikapiga.

Kisha Torreón: barakoa kwa barakoa, atakayeshindwa avue.
Sikwenda. Redio ndiyo iliyonisomea, kama ilivyo desturi,
jina: Evaristo Quintanar. Kwao: Parras. Kazi ya mchana: mwoka mikate.
Nilizima kabla hawajaeleza uso.

Jumatatu akaingia mtu mfupi, suruali begani.
Uso mpana, wa kawaida, kama mkate uliokosa hamira.
Sikumjua. Nilikuwa na harusi ya watu, magauni sita.
"Niongezee," akasema, "kiunoni, kidogo tu."

Nikashika utepe,
na mkono, bila kuniuliza,
ukapanda hadi sikio la kushoto.

Akaniacha nipime.
"Limetulia sasa," akasema.