Neno Walilonikataza

Kazi yangu ni masijala: mafaili, namba, mihuri.
Lakini wodi ya wanawake ikipata mgonjwa
asiye na lugha ila Kiswahili,
simu hulia mezani kwangu:
"Rayya, njoo na ulimi wako."

Hospitali ya Ibra, mwezi wa saba.
Nje jua limeinyamazisha hata mitende,
ndani kiyoyozi kinatetemesha pazia.
Kitanda cha dirishani: Bi Shinuna binti Sleyum,
mzaliwa wa Konde, Pemba, aliyekuja huku msichana.
Kiharusi kilipompitia mwaka juzi
kilichukua mkono wa kulia na Kiarabu chote,
kikamwachia Kiswahili cha utotoni
ambacho wanawe hakuwafunza.
Wao wanajua "njoo", "chai" na "basi".

Walinizuia mlangoni, Mahfudh na Badr,
mmoja kashika chupa ya kahawa, mmoja bahasha ya picha.
"Mwambie ni kidonda cha tumbo.
Lile neno usilitaje.
Hata kwa lugha yako tutalisikia."

Kweli wangelisikia. Saratani
ni saratani huku, ni saratani kule,
limevuka maji bila kubadili nguo.

Dakta Varghese alivua miwani,
akaifuta vumbi lisilokuwapo.
Waraka ukutani unasema mgonjwa ana haki ya kujua.
Hausemi amwambie nani, kwa sauti gani,
wala nani atabaki naye usiku ule.
Kuna dawa ya mishipa, Maskati, kila wiki tatu:
huenda ikampa miezi minne,
huenda ikaila yote minne.
Kwenye fomu ya ridhaa, mstari wa mgonjwa mtupu.
Chini yake saini ya Badr, wino bado mbichi.

Nikasema kidonda. Nikasema dawa.
Bi Shinuna akanitazama
kama mtu anayehesabu chenji aliyopunjwa.
"Mwanangu, kidonda hakiitishi madaktari watatu.
Nina nini?"

Mahfudh akaweka kikombe chini, asikie vizuri.

Kwa Kiarabu, saratani ndiye pia kaa,
yule wa pwani, mwendo wake upande.
Sikupanga. Ulimi ulitangulia:
"Bibi, ni kaa."

Wanawe hawakushtuka.
Yeye alifumba macho.
"Kaa la moto, au kaa wa mikokoni?"
"Wa mikokoni. Amechimba ndani."
"Ana watoto?"
"Anao, bibi. Kwenye ini."

Kimya. Tone la dripu, tone jingine.
"Sisi Konde tukimvuta kaa shimoni
alituachia gando, mwenyewe akabaki ndani.
Mkono unavuja damu, na chakula hatukupata.
Waambie Maskati sendi."

"Anasemaje?" akauliza Badr.
"Anasema Maskati haendi."
"Ni kwa kuwa hajui," akasema, akaikunja fomu.
"Angejua, angekubali."

Hapo ndipo niliponyamaza,
na sijui kunyamaza kule kulikuwa kwa nani:
kwa mama aliyenipa siri yake bila kuniapisha,
kwa wana waliolia korido nzima asubuhi ile,
au kwa mshahara wangu.
Maana mtafsiri hana sanduku la kuficha maneno.
Yote hupita kinywani,
na mengine huacha mwiba.

Nilipogeuka kutoka,
mkono wa kushoto ulipigapiga shuka ukingoni.
"Kaa," akaniambia.
Safari hii nilijua ni lipi.
Nikakaa.

Jioni fomu ikaja masijala na nyingine kumi na moja.
Gari la Maskati linaondoka alfajiri.
Fomu kumi na moja nimezigonga.
Ya kwake iko chini ya kikombe cha chai iliyopoa,
duara la maji linaelekea kwenye jina lake.

Muhuri uko upande wa kulia.
Mkono wangu wa kulia ni mzima.