Ngata ya Hewa

Saa saba mchana, Oktoba, uwanja wa ndege Tabora.
Mzani wangu haujabadilika tangu asubuhi
lakini rubani haangalii mzani,
anaangalia kipimajoto: thelathini na nne.
"Mayunga, shusha madumu matatu."

Ni asali ya Sikonge, ya Bi Nyamizi,
iliyokuja usiku kucha kwa pikipiki.
Anasimama mbele yangu, stakabadhi mkononi.
Juzi si ilipanda? Ndege hiihii? Uzito huuhuu?

Juzi iliruka alfajiri, mama.
Alfajiri hewa imeshiba.
Saa hizi imekonda.

"Imekonda? Kwani haikupewa chakula?"
Wapakiaji wakacheka, nami nikacheka,
kisha nikaiomba ile stakabadhi,
nikaishika kwa ncha, chini ya mdomo,
nikapuliza juu yake.
Karatasi ikainuka.

Akaipokonya, akapuliza mwenyewe. Mara mbili.

Nikamwambia: bawa husukuma hewa chini,
hewa nayo hulipa kwa kulisukuma juu.
Hewa ikiwa haba, malipo haba,
na ndege hukopa kwa barabara,
mita baada ya mita,
na barabara yetu ina mwisho, pale kwenye miyombo.

Nikamwambia pia waliotangulia kuruka kwa injini
walikuwa mafundi baiskeli.
Hilo aliliamini papo hapo.
"Fundi wangu wa Ng'ambo angeweza, ila analewa."

Kisha akanyamaza, akavua kilemba,
akakisokota polepole mpaka kikawa duara.
"Babu wa mama yangu alikuwa mpagazi.
Alikwenda Bagamoyo na kurudi, mara nne.
Alisema shingo haibebi kitu,
ngata ndiyo inayobeba,
na jua la utosi huilegeza ngata.
Kumbe ndege yenu ngata yake ni hewa."

Miaka ishirini na sita napima mizigo hapa.
Nimesoma vitabu vya wataalamu, vyenye michoro na mishale.
Neno hilo sikulikuta.

Ndege ikakimbia. Ikapita soksi ya upepo,
ikapita alama nyeupe ambapo huwa imeshaondoka,
bado inakimbia,
Bi Nyamizi ameng'ata kidole,
halafu mwanga mwembamba chini ya magurudumu,
kama upenyo wa mlango.

Madumu matatu yakabaki kivulini.
Juu ya mfuniko wa moja ametua nyuki,
hajapimwa na mtu,
joto hilohilo, hewa hiyohiyo.
Alipoondoka, hakuhitaji barabara.