Koleo ya Kujifunga

Verlyn ndiye aliyeiua nati.
Alichukua spana iliyozidi namba moja,
akavuta kwa hasira ya mtu aliyekosa kahawa,
na pembe zote sita zikaisha, nati ikawa laini
kama peremende iliyomung'unywa.
Kisha akarudi zake Omaha kwenye kazi ya viyoyozi,
akaniachia pampu ya kisima, ng'ombe arobaini na wawili,
na theluji ya Februari iliyokuwa ikishuka kutoka Dakota
bila kubisha hodi.

Dukani kwa Bi Ottilie Vavra zilitundikwa saba ukutani.
Nikanyosha mkono kwenye ile inayong'aa.
"Acha kuchagua kwa macho," akasema, "hii si hereni.
Ifumbe. Iinue kwenye taa.
Ukiona mwanga kati ya meno, irudishe msumarini.
Sasa zungusha skrubu ya mkiani. Ikikwaruza leo, mpya,
itakuwaje ikishakula mchanga?"
Ya mdomo mwembamba ni ya waya na pini;
ya taya zilizonyooka, bati na chuma bapa.
Nati iliyopoteza pembe hutaka taya zilizopinda,
ziizunguke, zitafute pa kuuma.
Nikachukua ya tano. Mbaya wa rangi, meno yamekutana.

Baba alikuwa juu ya ndoo iliyopinduliwa, makoti mawili.
Mikono yake inatetemeka tangu mavuno ya mwaka juzi;
kijiko hufika mdomoni supu imeshamwagika.
Sauti haitetemeki.
"Umeitia mafuta?"
Tangu jana jioni.
"Isugue kwa brashi ya waya. Kutu haishikiki, Signe, kutu ni unga."
Nikasugua.
"Gusisha taya. Kaza skrubu. Funga."
Nikafunga. Ikajifunga kirahisi mno, ikateleza,
vifundo vyangu vikabusu chuma kilicholala nje usiku kucha.
Neno nililolisema silirudii hapa.
"Robo mzunguko zaidi. Ikifunga bila kukuomba nguvu, haijashika.
Ikigoma, umezidisha: usiipige nyundo, ilegeze.
Na vuta kuja kwako. Ukisukuma, siku ikiponyoka
vidole ndivyo vinavyotangulia ukutani."

Robo.
Nikaminya kwa mikono miwili.
Ta!
Nikaachia mpini. Ikabaki palepale, imeing'ang'ania nati,
haikuhitaji niiangalie.
Baba akaitazama muda mrefu,
jinsi mtu anavyomtazama kijana aliyeajiriwa mahali pake.
"Hebu," akasema, akainuka.
Nikataka kumshika, akanikata jicho.
Akaweka kiganja juu ya mpini,
na kiganja kikaendelea na kazi yake, tetema, tetema,
na mpini ukatetema nacho,
lakini taya, la.
Akaegemea kwa kilo zote alizobakiwa nazo.
Nati ikalia. Ikanyamaza. Ikalia tena,
ikaja.

Kilimi cha kuifungulia hakukiweza.
Alijaribu mara tatu kwa kidole gumba, nami nikajifanya
natafuta kitu mfukoni.
Mara ya nne nikakibonyeza mimi, ikafyatuka,
ikaacha alama za meno kwenye chuma.
Nati mpya tukaifunga kwa spana ya namba yake,
maana koleo hii haiheshimu kitu kizima.
Maji yalichukua dakika nne kupanda.
Ng'ombe walishajua tangu ya pili.

Bi Ottilie aliniuliza: shamba lote lile, hamkuwa nayo?
Tulikuwa nayo.
Imo kwenye mlango wa pikapu, upande wa dereva,
imeuma kigingi cha dirisha tangu mpini ulipovunjika
mkononi mwa mama, kiangazi kile cha mwisho.
Yeye ndiye aliyeifunga pale. "Ya muda tu," alisema.
Miaka kumi na mmoja. Imeshika kutu skrubu yake yenyewe.
Baba hushushia kioo kwayo, viganja viwili,
hata baridi ikichoma, apate kumpungia mtu njiani,
na hapana anayegusa kilimi.