Ukiitoa, usi

Daftari lina jalada la bluu lililogeuka kijivu,
upande mmoja hesabu za kahawa, debe kwa debe,
na ukiligeuza, kwa penseli, mwandiko wa Bibi Aikaeli:
PAI YA NDIMU.
Chini yake, wino mwekundu wa dada yangu Ndeshi:
Limau, Bibi. Ndimu ni ile ndogo ya kijani.
Bibi hakufuta. Alipiga mstari mmoja tu
chini ya NDIMU.

Nimenunua malimau sita Kiboriloni.
"Ya chai?" aliuliza muuzaji.
"Ya pai."
Akaongeza la saba, nadhani kwa huruma.

Unga vikombe viwili, kile kikombe kisicho na sikio.
(Kikombe kilikwenda na jiko la zamani lilipobomolewa;
napima kwa kiganja, nakisia.)
Siagi, kiasi cha kiberiti.
Maji ya mfereji, ya alfajiri, yanayouma vidole.
Ndimu zake. Sukari.
Uwanga vijiko vitatu, koroga upande mmoja
kama mtu anayejua aendako.

Alifundishwa na mama mmoja wa shamba la kahawa, Lyamungu,
aliyemfokea kwa lugha asiyoijua
na kulia jikoni kwa lugha aliyoielewa.
Bibi alichukua pai.
Kelele aliziacha kulekule.

Mayai manne ya kienyeji. Tenga ute na kiini.
Tone moja la njano likiponyoka, ute unagoma:
utapiga mpaka bega liombe radhi
na bakulini ni maji ya kuoshea vyombo.
Yai la tatu lilinishinda.
Nikalikaanga, nikalila kwa chumvi nimesimama,
sikumwambia mtu.

Uma mbili zimefungwa pamoja kwa uzi,
hiyo ndiyo ilikuwa mashine.
Twaka twaka twaka, sauti ya Jumapili baada ya ibada,
ute ukivimba, ukiweupeka, ukishika njia ya uma
na kuikumbuka.
Kisha mtihani: bakuli linapinduliwa
juu ya kichwa cha mjukuu.
Mjukuu nilikuwa mimi.
Nilifumba macho, nikabana pumzi,
na juu yangu wingu zima lilining'inia
likakataa kuanguka.
Mjomba Apaisaria alisema, hiyo ni Kibo kabisa.
"Kibo hailiwi," Bibi alimjibu. "Lete makaa."

Leo nimemwita binti yangu, Manka, miaka saba.
Ameniangalia, ameliangalia bakuli.
"Weka juu ya kichwa chako."
Nikaweka.
Kijiko kizima kikateremka taratibu
mpaka kwenye nyusi. Amecheka hadi akakaa chini.
Nikarudi kwenye uma. Twaka twaka.

Saa kumi na robo umeme ukakatika,
kama ulikuwa unanisubiri niwashe oveni.
Basi sufuria kubwa, mchanga,
makaa chini, makaa juu ya bati,
moshi wa macho, harufu ya sukari inayoanza kuungua,
na ghafla sikuwa na haja ya saa:
pua ilijua.

Mstari wa mwisho wa daftari unasema
Ukiitoa, usi
na hapo tone la kiini, la mwaka gani sijui,
limekauka, limelila neno.

Tunabishana tangu tulipomzika.
Usifunike, Ndeshi anapiga simu kutoka Arusha kusema hivyo,
itatoa machozi.
Usiikate ingali moto, alisema mama.
Usiwaonyeshe majirani, mjomba, bila kucheka.
Mimi kila mwaka nashikilia neno jingine.

Tumeikata ingali moto.
Limau likatiririka sahanini, ukoko ukavunjika,
juu povu la kahawia likitoa jasho la asali
tone kwa tone kwenye mwanga wa mshumaa.
Haikuwa pai. Tuliila kwa vijiko.
Manka alivuta daftari kwa kidole chenye sukari,
akasoma polepole, akafika mwisho.
"Usi nini, baba?"

Mdomo wangu ulikuwa umejaa.