Swali la Arobaini na Moja

Yupi kati ya hawa si mdudu?
Nyuki. Siafu. Buibui. Kipepeo.

Nilikuwa na miaka ishirini na tisa,
ukumbi wa mtihani pale Dumka ulinuka chokaa mbichi.
Nilikoleza duara la buibui kwa wino mweusi
kama mtu anayetia sahihi hati ya shamba.
Miguu sita, mdudu. Miguu nane, si mdudu.
Hata mbuzi wa mama yangu wangelijua hilo.

Tume ikabandika majibu yake ukutani:
Kipepeo.

Kwa alama moja nikawa wa mia mbili na kumi na tatu.
Nafasi zilikuwa mia mbili na kumi na mbili.

Basi nikashtaki.
Watu hushtaki kwa ajili ya mipaka, kwa ajili ya damu;
mimi, Jobarani Murmu, binti wa mpasua mawe,
niliishtaki serikali ya jimbo
kwa ajili ya miguu miwili ya buibui.

Miaka saba ya basi la usiku kwenda Ranchi.
Niliuza ng'ombe, nikauza bangili,
nikaazima hadi pale watu walipoanza kunikwepa sokoni.
Leo jaji ana mafua, asema Wakili Toppo.
Leo mawakili wamegoma.
Leo jalada halionekani.
Lilipoonekana, chini ya rafu ya stoo,
lilikuwa limefungwa kwa utando kona hadi kona
na mwenyewe yuko katikati, ametulia,
shahidi ambaye hakuna aliyemwita.

Kwenye karatasi yule mwingine aliitwa
Mjibu Maombi wa Tisa.
Namba ni rahisi kuichukia. Niliichukia vizuri.
Kisha siku moja, kwenye bomba la maji la mahakama,
mwanamke mwenye chaki kwenye upindo wa sari
akanishikia chupa hadi ikajaa.
"Bahamani Kisku," akasema.
"Mia mbili na kumi na mbili."

Hatukujua tutazame wapi.
Akanimegea chapati.
Anafundisha darasa la tatu kule Gopikandar,
watoto sitini na nne, ubao mmoja, nao umepasuka.
"Kila mwaka nikifika somo la wadudu
nawaambia, buibui hayumo, hesabuni miguu.
Na kila mwaka sauti inanikwama papo hapo."

Hukumu ilisomwa Alhamisi, kwa dakika nne.
Jibu la mwombaji ni sahihi.
Tume ilikosea.
Hata hivyo nafasi zimejaa, mwombaji amevuka umri,
na waliokwisha kuajiriwa wasisumbuliwe.
Ombi limetupwa.
Kila upande ubebe gharama zake.

Nilipewa haki yangu kama risiti
ya chakula alichokwisha kula mtu mwingine.

Wakili Toppo akasema bado ipo rufaa, Delhi.
Nikamtazama viatu.

Basi la kurudi lilikuwa moja
na kiti kilichobaki kilikuwa kando yake.
Alilia hadi Hazaribagh, kimya, kwa pua.
Hakuniomba msamaha, nami sikuwa nao.
Mara moja tu aliuliza kama nina watoto.
Nikasema, nilikuwa nangoja kazi kwanza.

Tulipopita Giridih usingizi ukamshinda,
kichwa chake kikaniangukia begani,
kizito, chenye harufu ya mafuta ya haradali.
Nilitaka kukisukuma.
Nilikuwa na haki hiyo, na haikuhitaji jaji.
Barabara ilikuwa mashimo matupu.
Nikakaza bega asije akaamka,
na gizani, kwa mazoea yangu mabaya,
nikahesabu:
mikono minne,
miguu minne.